Mandari ya Shuaiba na Bahari Isiyojaa

(Maneno yaliyosemwa na ndugu yetu wa tawi la Riyadh, usiku wa pili wa mkutano wa familia, Jeddah)

Ndugu Mwenyekiti, wazee wangu, mama zangu na shangazi zangu, ndugu zangu, wanangu na wajukuu mliotoka Lamu, Mombasa, Maskati, London na Toronto,

Awali ya yote namshukuru Mwenyezi Mungu aliyetukutanisha tukiwa wazima. Pili nawashukuru waandalizi, hasa akina mama wa hapa Jeddah, ambao tangu juzi hawajaketi. Ndugu Mwenyekiti alinitaka nizungumze juu ya maisha yetu sisi wa Riyadh. Nikafikiri, nikaona kwamba habari za kazi na kodi za nyumba mnazijua, maana ni zilezile kila mji wa ugenini. Kwa hiyo naomba ruhusa nizungumze juu ya siku moja tu: siku tuliyokwenda mandari katika pwani ya Shuaiba. Katika siku hiyo mna aibu yangu mimi, na mna jambo la familia nzima ambalo limefichwa kwa miaka mingi. Mama yangu, ambaye mnamwona ameketi mstari wa mbele, nimemwomba idhini mara tatu. Mara mbili alikataa. Mara ya tatu alisema: “Sema, lakini useme yote.” Nitajitahidi kusema yote.

Mimi nakaa Olaya, katikati ya Riyadh, tangu mwaka 2003. Nilipofika, minara miwili ya mtaa ule, wa Faisaliah uliofunguliwa mwaka 2000 na wa Kingdom Centre wa mwaka 2002, ilikuwa bado mipya, na watu walikuwa wakisimama njiani kuitazama. Leo kuna treni, tangu Desemba 2024, inayotutoa Olaya hadi Batha, mahali tunaponunua unga wa muhogo na tunapokutana na watu wa kwetu. Ni mji wenye neema zake, nami sitaki kuukufuru. Lakini ni mji wa bara. Kutoka Olaya hadi bahari ya Ghuba ni kiasi cha kilomita 400; hadi Bahari ya Sham, hapa Jeddah, ni takriban kilomita 950 kwa njia ya gari. Bahari hutujia kwa mfereji tu, maana maji tunayoyatumia Riyadh mengi ni ya bahari, yaliyotolewa chumvi katika mitambo ya Jubail na kusukumwa kwa mabomba jangwani hadi kwetu, mita 600 juu ya usawa wa bahari. Mtoto wa Olaya hunywa bahari kila siku asiijue.

Nasema hayo kwa sababu binti yangu, alipokuwa na miaka kumi na mitatu, alinisikia nikitaja mkoko, akaniuliza kama ndio mti unaotoa kokoa. Nilicheka, kisha usiku nikakosa usingizi. Babu yake mzaa babu alikuwa mkata boriti. Nyumba tuliyozaliwa sote imeezekwa kwa mikoko. Naye hajui hata sura ya mti wenyewe. Nikaazimia kwamba siku Mama atakapokuja kwa Umra, nitawachukua wote pwani nikamwonyeshe.

Mama alikuja Desemba 2022, akafanya Umra yake, kisha akapumzika kwa dada yangu hapa Jeddah. Wakati huo pia alikuwapo mpwa wangu kutoka Toronto, kijana wa miaka kumi na sita. Basi Jumamosi, tarehe 7 Januari 2023, mwezi 14 Mfunguo Tisa 1444, tukatoka alfajiri kwa magari mawili, tukashika njia ya kusini hadi Shuaiba.

Wengi wenu mmeipita Shuaiba bila kuijua. Leo hutajwa zaidi kwa mitambo yake mikubwa ya umeme na ya kutoa maji chumvi. Lakini kabla ya Jeddah kuwa bandari ya Makka, bandari ilikuwa Shuaiba. Ni Sayyidna Uthman bin Affan, mwaka 26 wa Hijra, yaani takriban mwaka 647, aliyeihamishia Jeddah. Na wanahistoria wamepokea kwamba Waislamu wa mwanzo waliokimbilia Habasha, mnamo mwaka 615, walipanda vyombo vyao hapo. Kwa hiyo, wanangu, kabla mtu yeyote wa ukoo wetu hajavuka kuja Arabuni kutafuta riziki, watu wa Arabuni walivuka kutoka pwani hiyo kwenda upande wetu kutafuta usalama.

Asubuhi tulipanda boti ya mvuvi mmoja, rafiki wa shemeji yangu. Askari wa mpakani aliandika majina yetu, akatazama iqama na pasipoti, nasi tukatoka. Maji yalikuwa safi hata ungeweza kuhesabu matumbawe chini. Vijana walifurahi, dada zangu waliimba, na mvuvi akatupa mshipi, akapata najil wawili, ambao ni jamaa ya chewa wetu, ila wana rangi ya mviringo wa jua likichwa.

Mama hakupanda. Tulimsihi, akasema: “Bahari naiona vyema nikiwa nchi kavu.” Sote tulidhani ni uzee. Tulimwacha ufukoni na dada yangu mkubwa, naye, kama nilivyohadithiwa baadaye, alitembea hadi ukingo wa maji, akaokota kijiti, akakichomeka mchangani pale mawimbi yalipokoma. Dada akamwuliza anafanya nini. Akajibu kwamba baba yake hakukaa ufuo wowote bila kwanza kuchomeka kijiti, ili ajue maji ya mahali hapo yana tabia gani. Nakuombeni mkikumbuke kijiti hicho.

Tuliporudi tulikula mandari yetu. Palikuwa na mahamri na mbaazi, viazi vya karai, samaki wale wawili waliochomwa na kupakwa nazi, wali, na birika la kahawa chungu kwa tende. Tulitandika jamvi kubwa na mikeka miwili. Na mimi, baada ya kushiba, nikasimama kama nilivyosimama mbele yenu sasa, nikawahubiri watoto habari za mikoko.

Niliyowaambia yalikuwa kweli. Niliwaambia kwamba pwani ya Kenya ina aina tisa za miti ya mikoko, na kwamba wazee walikuwa na jina kwa kila mmoja na kazi yake: mkoko wenyewe na mkandaa kwa kujengea, muia kwa nguzo, mlilana kwa mataruma ya vyombo, mkomafi kwa mbao, mchu kwa kuni na kwa kuchomea chokaa. Niliwaambia kwamba miti ile ilikatwa Lamu na katika delta ya Rufiji, ikapangwa kwa unene wake, fito, pau, mazio, boriti na nguzo, ikahesabiwa kwa korija, yaani ishirini ishirini, kisha ikapakiwa majahazini, ikapelekwa na upepo wa kusi hadi Oman na Ghuba, kwenye nchi zisizo na miti ya kujengea. Upana wa vyumba vya nyumba za kale, huko na kwetu, ulifuata urefu wa boriti. Niliwaambia habari za Alan Villiers, baharia wa Australia, aliyesafiri miaka ya 1938 na 1939 katika jahazi la Kuwait, akafika Zanzibar, akaingia Rufiji kupakia boriti, akaandika kitabu. Nahodha wake aliitwa Ali bin Nasr al-Nejdi, na Najd ndiyo nchi ya Riyadh. Niliwaambia pia kwamba mwaka 1982 serikali ya Kenya ilipiga marufuku kupeleka boriti nchi za nje, na huo ukawa mwisho wa kazi ya babu zetu.

Watoto walisikiliza vizuri. Hapo ndipo nafsi ilipopanda juu. Shemeji alikuwa amekodi Jeddah mitumbwi mitatu ya plastiki, ile iitwayo kayaki, pamoja na makafi na majaketi ya kujiokolea. Nyuma ya ufuo wa Shuaiba kuna hori lenye maji haba, na kandokando yake imeota miti ya mchu. Shemeji akapendekeza tumwombe yule mvuvi atuongoze. Mimi nikasema, na maneno haya nayakumbuka moja moja: “Mwana wa Lamu aongozwe ndani ya mikoko?” Nikachukua kayaki moja, binti yangu akachukua ya pili, mpwa wangu ya tatu. Simu tuliziacha garini zisirowe. Hatukumwambia mtu tutarudi saa ngapi.

Ilikuwa saa nane mchana. Ndugu zangu, palikuwa pazuri. Mchu wa huku ni mfupi, mingi haimzidi mtu mrefu kwa kimo, kwa kuwa hapana mto unaoupa maji matamu, na Bahari ya Sham ina chumvi nyingi kupita bahari kuu, gramu 40 katika lita moja mahali ambapo bahari nyingine zina 35. Lakini ni mchu uleule. Mizizi yake ya kupumulia imesimama juu ya tope kama penseli elfu zilizochomekwa. Nilimwambia binti yangu augeuze ukuti, aulambe upande wa chini. Akalamba, akashangaa: jani lilikuwa na chumvi iliyoganda. Nikamweleza kwamba mti huo hunywa maji ya bahari na kuitoa chumvi jasho kwa majani. Akasema: “Basi ni kama mitambo ya Jubail.” Nilifurahi mno. Laiti tungalirudi wakati ule.

Tulizidi kuingia, hadi ncha ya kaskazini ya hori. Upepo wa kaskazini ukaanza kuvuma kwa nguvu, kama ilivyo desturi yake pwani hii wakati wa alasiri. Baada ya muda nikaona kayaki zinakwaruza chini. Maji yalikuwa yamepungua kiasi cha shubiri, na hori lenyewe halikuwa na zaidi ya shubiri mbili. Mpwa wangu akasema: “Mjomba, tushuke sasa tuziburure, maji yangali yapo.” Nikamwambia: “Hujui bahari wewe. Haya ni maji yanapwa. Leo ni mwezi 14, ni bamvua. Yakipwa sana yatajaa sana. Tukae, tungoje, maji yenyewe yatatuinua.”

Wazee mliozaliwa pwani mtaona kwamba hesabu yangu ilikuwa sawa. Kwetu mwezi 14 maji hupwa hata ukaona uchi wa bahari, kisha hujaa hata yakagonga ngazi. Kati ya kupwa na kujaa kwa bamvua pale Mombasa pana karibu mita 4. Hesabu ilikuwa sawa, ila bahari haikuwa ileile. Bahari ya Sham ni kama beseni refu, lenye urefu wa zaidi ya kilomita 2,000, na mlango wake wa Bab el-Mandeb ni mwembamba. Maji yake huyumba kama ya beseni: ncha za kaskazini na kusini hupanda na kushuka kidogo kila siku, na katikati, yaani hapahapa Jeddah na ng’ambo Port Sudan, hayapandi wala hayashuki ila kwa kadiri isiyoonekana. Yanayobadilika ni ya msimu: kipusa cha nusu mita hivi, juu wakati wa baridi na chini wakati wa joto, kwa sababu ya pepo na uvukizi. Maji yaliyotukimbia siku ile hayakupwa. Yalisukumwa na upepo kwenda ncha ya kusini ya hori, na yasingerudi mpaka upepo utulie. Mimi nilikuwa nikingoja kitu ambacho hakipo.

Tulikaa. Saa tisa ikapita, tukasikia kwa mbali sauti ya adhana ya alasiri kutoka redio ya gari la mtu. Binti yangu akasema: “Baba, maji hayaji.” Nikamjibu kwa ukali ambao hadi leo unanichoma: “Nyamaza. Mimi nimezaliwa na bahari.” Saa kumi na nusu maji yalikuwa yametuondoka kabisa; tulikuwa juu ya tope tupu. Mpwa wangu, asiyekuwa na subira tena, akashuka bila kuniuliza ili aisukume kayaki ya binti yangu. Hatua ya kwanza ikamshika magotini, ya pili mapajani. Alipojaribu kujinyanyua, mizizi ikamchana mguu. Akaniita: “Mjomba, ninazama.” Nilinyosha kafi langu akalishika. Sikuweza kumvuta, maana kila nilipovuta kayaki yangu ilipinduka upande. Nikakaa namna hiyo, kafi mkononi, nikiwa sina tena neno la kusema juu ya bahari.

Sasa niwaeleze yaliyopita ufukoni. Saa tisa na nusu Mama alikwenda kukitazama kijiti chake. Maji yalikuwa palepale alipoyaacha asubuhi. Akarudi kwa shemeji yangu, akamwuliza: “Waliingia kwa hesabu ya maji?” Shemeji akajibu kwamba nilisema ni bamvua, na bila shaka tunangoja kujaa ndipo tutoke. Mama akasema: “Basi wamekwama, na hawatatoka. Maji ya hapa hayaendi popote. Twendeni.” Shemeji, kwa adabu, akamwomba asubiri kidogo, kwamba mimi ni mtu mzima na naijua bahari. Dada yangu anasema hajapata kumwona Mama akipandisha sauti maisha yake yote ila siku ile. Alisema: “Neno hilo nimeshalisikia. Sitalisikia mara ya pili.”

Magari hayawezi kwenda kando ya hori, maana ni sabkha, ardhi ya chumvi iliyo ngumu juu na laini chini, hunasa gurudumu. Wakaenda kwa miguu, shemeji na vijana wawili, wakibeba kamba, na kwa amri ya Mama, jamvi letu la kulia na mikeka yote miwili. Naye Mama, katika umri wa miaka sabini na minne, akawafuata kwa kadiri alivyoweza, huku akiita majina yetu kwa zamu. Ni sauti yake tuliyoisikia kwanza. Walipotuona, shemeji alitaka kuingia topeni moja kwa moja. Mama akamzuia: “Tope halisimamiwi. Tandika, ulale.” Wakatandika jamvi juu ya tope, na mkeka mbele yake, na mkeka mwingine mbele yake tena, shemeji akatambaa kifudifudi hadi kwa kijana, akamfunga kamba kwapani, akamchimba miguu kwa mikono, naye akatoka taratibu, kiatu kimoja kikabaki huko hadi leo. Kisha binti yangu. Kisha mimi. Tulifika ardhi ngumu jua likitua, kabla kidogo ya saa kumi na mbili, na mwezi mpevu ukichomoza upande wa pili. Tukasali Magharibi palepale, tukiwa na tope hadi kiunoni, baada ya kujitwaharisha kwa maji ya chupa za kunywa.

Hakuna aliyekufa. Kijana alishonwa nyuzi chache. Mtu mwingine angesema tumshukuru Mungu, yaishe. Lakini usiku ule, tulipokwisha kuoga na kula, Mama alituita sote ukumbini kwa dada yangu, akatueleza jambo ambalo hata baba yangu, Mungu amrehemu, hakulijua lote.

Nyote mnajua kwamba Mama alikuwa na kaka aliyekufa baharini mwaka 1958, akiwa na miaka kumi na tisa. Katika kijitabu cha mkutano wetu wa kwanza, kwenye ukurasa wa shajara ya ukoo, imeandikwa kwamba alichukuliwa na dhoruba. Hivyo ndivyo tulivyofundishwa, na hivyo ndivyo tulivyowafundisha watoto. Mama alisema: “Haikuwako dhoruba.”

Kijana yule alikwenda peke yake na mashua ndogo kukata fito katika mikono ya bahari, arudi na maji ya jioni. Maji ya jioni yakaja, hakurudi. Mama, mtoto wa miaka tisa, akawaambia watu wazima waende wamtafute. Wakamwambia: “Huyo ni mwana wa nahodha, anaijua bahari, atangoja maji ya alfajiri.” Alfajiri maji yakaja, hakuja nayo. Wakasema pengine amelala kwa jamaa, atakuja na ya jioni. Yalipopita hayo ndipo walipotoka. Wakamkuta mikokoni, mguu umebanwa chini ya shina alilolikata likamwangukia, na maji yalikuwa yamempita mara mbili. Waliomwosha walisema mikono yake ilikuwa imechimba sana. Aliyetoa shauri la kungoja alikuwa baba yake mwenyewe, na aliyeliunga mkono ni ami yake. Hawakuweza kulibeba jambo hilo mbele za watu, wala hapana aliyetaka kuwabebesha. Ndipo ikazaliwa dhoruba.

Ndugu zangu, sisemi haya ili kuwalaumu marehemu. Walikuwa wazee wema, na mzee yule, Mama anasema, hakupanda chombo tena hadi alipokufa. Nami nani wa kuwalaumu, ambaye miaka sitini na mitano baadaye nilisema maneno yaleyale kwa kinywa changu? Wao waliijua bahari yao kweli, na kujua kwao ndiko kulikowaponza. Mimi niliijua bahari ya kwetu, nikadhani bahari zote ni hiyo. Sisi tulio ugenini tuna ugonjwa huu. Tunabeba ujuzi wa kwetu kama hirizi, tukidhani unafanya kazi kila mahali, na tunaona haya kumwuliza mwenyeji. Wahenga walisema subira yavuta heri. Haohao wakasema ngojangoja huumiza matumbo. Kazi ya mtu mwenye akili ni kujua siku hii ni ya methali ipi.

Kwa hiyo, Ndugu Mwenyekiti, ninayo maombi matatu.

La kwanza ni dogo. Kila mtoto wa familia hii, wa kiume na wa kike, akiwa Olaya au Toronto, afundishwe kuogelea. Na mandari yoyote ya familia iwe na mtu mmoja wa ufukoni aliyeambiwa saa ya kurudi. Saa hiyo ikipita, haulizwi mtu, huendwa.

La pili ni kubwa zaidi, nalo si la baharini. Tuna ndugu walio peke yao katika miji ya mbali. Mmoja wetu, nisiyemtaja, aliugua mwezi mzima chumbani kwake, nasi tulikuwa tukisema: huyo ni hodari, yuko kazini, atapiga simu. Tulimngoja maji mawili. Naomba kila tawi liwe na orodha, na kila jina lipigiwe simu Ijumaa. Asiyejibu Ijumaa mbili, mtu apande gari, au ndege, aende akabishe mlango. Gharama zitoke katika mfuko wetu. Mimi natangulia kwa kutoa tikiti ya kwanza.

La tatu ni la Mama, na mimi ni mjumbe tu. Anaomba kwamba katika kijitabu cha mkutano huu ile shajara isahihishwe. Neno “dhoruba” lifutwe. Liandikwe kwamba kaka yake alikufa mikokoni mwaka 1958, alipokuwa akikata fito za kuezekea jiko la mama yake, na kwamba alingojwa kwa muda mrefu kuliko ilivyopasa. Anasema wajukuu wana haki ya kujua, kwa sababu anayeambiwa dhoruba huiogopa mbingu, na anayeambiwa kweli hujifunza kutoka mapema.

Jana asubuhi, kabla hamjaamka, Mama aliniomba nimpeleke tena pwani. Tulikwenda sisi wawili na binti yangu, ambaye sasa ni msichana mkubwa. Mama alimpa kijiti, akamwonyesha mahali pa kukichomeka. Kisha akavua viatu, akaingia majini hadi vifundoni, akasimama kitambo. Sikumwuliza lolote.

Mola awarehemu waliotangulia, awahifadhi waliosafiri, na atukutanishe tena kwa heri. Wabillahi taufiq. Wassalaamu alaykum warahmatullahi wabarakatuh.